Skripti Kwanza, Dar Baadaye

Kijana wa Mbeya au Iringa akisema anataka kuandika na kutayarisha tamthilia za televisheni, karibu kila mtu atampa ushauri ule ule: panda basi uende Dar es Salaam. Ushauri huo una chanzo chake. Televisheni ya Tanzania Bara ilizaliwa Dar mwaka 1994, zilipoanza CTN, DTV na ITV, miaka ishirini hivi baada ya Zanzibar kuwa na televisheni yake ya rangi. Televisheni ya Taifa ilipokuja mwanzoni mwa miaka ya 2000, nayo iliwekwa Dar. Vikundi vya maigizo vilivyotamba enzi hizo, kama Kaole na Mambo Hayo, vilikuwa vya Dar; kamera za kufaa zilikuwa Dar; wahariri wa picha walikuwa Dar. Mtunzi wa Mwanjelwa, Mbeya, au Kihesa, Iringa, aliyebaki kwao aliandika madaftari yakaishia sandukuni. Hali hiyo imebadilika, lakini ushauri umebaki pale pale. Mitambo ya analojia ilipozimwa Mbeya mwishoni mwa Aprili 2013, watazamaji wa huko walihamia kwenye ving'amuzi kama wenzao wa Dar, na chaneli zinazoishi kwa tamthilia na filamu za Kiswahili zikafuata: Maisha Magic Bongo mwaka 2015, kisha Sinema Zetu ya Azam. Chaneli ya namna hiyo haishibi hadithi. Na kamera inayotosha kupiga picha za sehemu ya majaribio siku hizi iko kwa mpiga video wa harusi wa mtaa wa pili.

Kwa hiyo hoja yangu ni moja. Kijana wa Nyanda za Juu Kusini abadili mpangilio wa safari. Aandike akiwa nyumbani, afanye mazoezi nyumbani, ajifunze bajeti nyumbani, apige picha za mwanzo nyumbani, halafu ndipo aende Dar akiwa na kazi ya kuuza. Anayekwenda mikono mitupu hukaribishwa kubeba taa na kununua maji ya waigizaji. Kazi hizo ni halali na zina mafunzo yake, lakini hazimfikishi mtu kwenye meza ya kuandika. Meza hiyo hufikiwa na mwenye skripti.

Tuelewane kwanza kuhusu kazi yenyewe, maana wengi huitazama kwa jicho la filamu. Katika filamu, jina linalong'aa ni la muongozaji. Tamthilia ndefu ina utaratibu mwingine. Inaruka siku kadhaa kwa wiki, mwezi baada ya mwezi. Waongozaji wanaweza kupokezana, mwigizaji mkuu anaweza kuugua au kuondoka, lakini lazima awepo mtu mmoja anayekumbuka kwa nini shangazi alimchukia mdogo wake katika sehemu ya 12, na anayejua chuki hiyo itafumuka vipi katika sehemu ya 60. Mtu huyo huyo lazima ajue kwamba sehemu ya 60 haina fedha za kukodi ukumbi wa harusi, na kwa hiyo chuki ifumuke jikoni. Ndiye mtunzi na mtayarishaji kwa pamoja. Leah Mwendamseke, anayejulikana zaidi kwa jina la Lamata, amejijengea heshima ya namna hiyo kupitia Kapuni na Jua Kali. Ndugu wawili, Angela na Alinda Ruhinda, waligawana mzigo huo ndani ya kampuni yao, mmoja akibeba zaidi uandishi na mwingine utayarishaji. Filamu yao ya Binti ya 2021, iliyoongozwa na Seko Shamte, ikawa ya kwanza ya Tanzania kuingia Netflix. Kama huwezi kuwa watu wawili, mtafute ndugu au rafiki wa namna hiyo mapema. Mtunzi asiyetaka kabisa kusikia habari za fedha atamkabidhi mtu mwingine hadithi yake, na huyo ataikata pale panapomfaa yeye.

Shule ya kwanza iko karibu kuliko wengi wanavyodhani, nayo ni redio. Mwaka 1993 Radio Tanzania ilianza kurusha mchezo wa Twende na Wakati, mara mbili kwa wiki, kuhusu uzazi wa mpango na UKIMWI. Dodoma haikupata mchezo huo kwa miaka miwili ya mwanzo, na hilo likawapa watafiti nafasi ya kulinganisha waliousikia na wasiousikia. Walikuta tofauti ya kweli katika mwenendo wa watu. Wahusika wake, Mkwaju dereva wa lori na mkewe Tunu, waliwaingia wasikilizaji kwa sababu waandishi walianza na utafiti wa maisha ya watu kabla ya kuandika neno la kwanza. Leo Iringa ina Ebony FM na vituo vingine, Mbeya ina Bomba FM, Baraka FM na wenzao. Vyote vina saa za kujaza kila wiki. Mchezo wa dakika kumi wenye sauti nne unahitaji chumba kimya, kinasa sauti na waigizaji wanaofika kwa wakati. Ukiweza kuuandika na kuutoa kila wiki kwa miezi mitatu bila kukosa, utakuwa umejifunza jambo ambalo darasa halifundishi kirahisi: kumaliza sehemu hii leo huku ya kesho ikikusubiri.

Kuna atakayesema kwamba redio humharibu mtunzi wa televisheni, kwa kuwa humzoesha kueleza kila kitu kwa maneno. Ni kweli, na tamthilia zetu nyingi zina ugonjwa huo. Watu wawili wamekaa kwenye sofa wanaambiana mambo ambayo wote wawili wanayajua, ili mtazamaji asikie. Dawa ipo. Chukua mchezo wako wa redio uliokwisha kuruka, uandike upya kwa ajili ya picha, na ujilazimishe kufuta nusu ya maneno. Kila sentensi unayofuta, tafuta mkono, jicho, mlango au kitu cha nyumbani kitakachosema badala yake. Zoezi hilo likirudiwa mara kadhaa, sikio la redio linakuwa faida, kwa sababu maneno yatakayobaki yatakuwa ya watu wanaozungumza kweli.

Hapa ndipo panapohitaji subira, kwa sababu uandishi wa kufaa ndio unaoamua kama utakuwa mtayarishaji au utabaki na ndoto. Chukua tukio hili. Mtunzi ameandika kwamba lori la nyanya kutoka Ilula limepinduka usiku katika mlima Kitonga, nyanya zimetapakaa lami nzima, na dereva amenaswa ndani. Kwenye karatasi ni sentensi mbili. Kwenye bajeti ni lori la kukodi na kuharibu, taa za usiku na jenereta, askari wa usalama barabarani, na ruhusa ya kusimamisha njia kuu inayobeba mizigo ya Zambia na Kongo, ruhusa ambayo mtayarishaji mchanga hatapewa. Mtunzi huyu akishindwa kupiga picha hizo atalaumu umaskini wa mkoa wake. Ajaribu hivi. Ni alfajiri, soko la Ilula. Mke wa mwenye mzigo amekaa juu ya tenga tupu, daftari la kaunta magotini, anajumlisha madeni ya wakulima aliowachukulia nyanya kwa mali kauli. Simu inaita. Anaitazama, anaiacha iite mpaka ikate, kwa sababu anadhani ni mkulima anayedai. Inaita tena. Anapokea na kusikiliza bila kusema kitu. Nyuma yake vijana wanaendelea kupakia matenga ya mzigo wa pili. Anafunga daftari, anageuka, anawaambia washushe. Kijana mmoja anauliza, "Yote, mama?" Hajibu, anaanza kushusha tenga la kwanza kwa mikono yake mwenyewe.

Toleo la pili linahitaji mwigizaji mmoja mzuri, vijana watatu wa sokoni, simu, daftari na mwanga wa asubuhi. Bado ajali imo, hasara imo, madeni yamo, na mtazamaji anabaki na swali la kumrudisha kesho: wakulima atawalipa nini? Ufupi wa bajeti umemlazimisha mtunzi aache kuonyesha ajali na aonyeshe ni nani aliyeumizwa nayo. Ndiyo maana nasema mtunzi wa Nyanda za Juu asione haya kuanza na kidogo. Andika sehemu ya dakika 26 hivi, kurasa zisizozidi 28, mahali pasipozidi panne, wahusika wakuu wasiozidi sita. Rudia mahali pale pale katika sehemu kadhaa, ili siku moja ya kupiga picha pale sokoni ikupe vipande vya sehemu tano. Huu ndio utayarishaji, na unafanyika mezani kabla kamera haijafunguliwa.

Mazingira yenyewe yana sheria zake, na anayeyajua ana faida juu ya kikosi kinachotoka Dar kwa siku tano. Mvua zetu ni za msimu mmoja, kuanzia Novemba hivi mpaka Aprili au Mei. Kilima kilicho kijani Aprili huwa kimekauka Septemba, na ukipiga picha za mlango kabla ya mvua na za uani baada ya mvua, mtazamaji ataona. Juni na Julai baridi ni kali na ukungu wa asubuhi ni mzuri kwa macho, lakini mwanga wa kufaa huchelewa. Panga ratiba ukilijua hilo. Tukuyu mvua haitabiriki hata miezi ambayo Iringa ni kavu, kwa hiyo ukiandika tukio la nje kule, liandike pamoja na mvua yenyewe. Nyumba za bati hazifai kurekodia sauti mvua ikinyesha, na upepo wa Makambako utakuharibia mazungumzo kama huna kinga ya maiki. Kuhusu watu wa kamera, wapiga video wa harusi hushughulika Jumamosi na Jumapili. Katikati ya juma vifaa vyao vimelala. Wakati wa Kwaresima, Wakatoliki na Walutheri wengi hawafungi ndoa, na bei ya kukodi kamera na mtu wake inazungumzika kuliko wakati mwingine wowote. Kwaresima huangukia masika, basi ule ndio muda wa kumaliza matukio yako yote ya ndani ya nyumba, ukirekodi mazungumzo mvua inapokatika.

Vibali usivikwepe. Sheria ya Filamu na Michezo ya Kuigiza ya 1976 inataka kibali kabla ya kupiga picha, na Bodi ya Filamu ndiyo yenye mamlaka. Anza kwa ofisa utamaduni wa halmashauri yako; huyo akikujua mapema, atakuwa msaada siku mwenyekiti wa mtaa atakapohoji mnafanya nini na mitambo ile. Hospitali, stendi na shule zina wakubwa wake, na hifadhi kama Ruaha ina taratibu zake za TANAPA. Tukio linalohitaji vibali vitatu kwa dakika moja ya picha liandike upya.

Pingamizi kubwa zaidi linahusu hadithi zenyewe. Wapo wanaoamini kwamba mtazamaji wa Kiswahili anataka majumba ya Mbezi, magari ya kifahari na ugomvi wa matajiri, na kwamba maisha ya Mufindi au Rungwe hayauziki. Siwezi kukataa kwamba majumba hayo yana watazamaji wake. Lakini tazama upande wa pili. Seko Shamte alitengeneza filamu ya hali halisi kuhusu Mkwawa, mtawala wa Wahehe aliyewashinda Wajerumani Lugalo Agosti 1891 na ambaye fuvu lake lilirudishwa nchini mwaka 1954. Kabla yake, mwandishi M. M. Mulokozi alikuwa amekwisha kumwandikia Mkwawa tamthilia ya jukwaani, Mukwava wa Uhehe. Wote wawili waliona habari kubwa mahali ambapo vijana wa Kalenga, Iringa, hupita kila siku. Sensa ya 2022 ilihesabu watu milioni 2.3 katika mkoa wa Mbeya na milioni 1.2 Iringa. Hao nao wana ving'amuzi, na ni nadra kuona mtaa wao kwenye tamthilia isipokuwa mhusika anapotoka kijijini kwenda kuharibikiwa mjini.

Na hadithi zipo kwa wingi, za sasa, bila kumrudia Mkwawa kila mara. Utafiti wa kitaifa wa afya wa 2022 ulionyesha kwamba Iringa, mkoa unaolisha wengine mahindi na viazi, una watoto asilimia 56.9 wenye udumavu, kiwango cha juu kuliko mikoa yote. Ndani ya tarakimu hiyo kuna familia: mama anayeamka saa kumi kwenda kuchuma chai ya watu Mufindi, bibi anayelea wajukuu kwa uji mtupu, baba anayeuza maziwa yote mjini ili alipe ada. Kuna stendi na maghala ya Tunduma, kuna wanafunzi waliopanga vyumba vya uani Mbeya mjini, kuna treni ya TAZARA na watu ambao maisha yao yote yamepangwa na kuchelewa kwake, kuna makampuni na wakulima wadogo wanaogombea miti ya Sao Hill, kuna kwaya zinazogawanyika kwa sababu ya fedha za albamu. Mtunzi wa Dar atahitaji wiki mbili kujua kwaya inavyogawanyika. Wewe unazijua hata lugha za mafumbo wanazotumia kwenye kikao.

Jambo moja nalisema kwa uchungu. Tumezoea lafudhi ya bara itumike kuchekesha tu. Akitokea mtu anayesema Kiswahili chenye Kinyakyusa au Kihehe ndani yake, mtazamaji anajua kwamba ni mshamba na kicheko kinakuja. Mtunzi wa huku ana wajibu wa kuikataa desturi hiyo. Mpe lafudhi hiyo hakimu, daktari, mama anayeamua kesi ya ardhi ya ukoo, na usimfanye achekwe. Anayeogopa kwamba watu wa Pwani hawataelewa akumbuke kwamba watazamaji wetu wamefuata tamthilia za Kenya, kama Selina, zenye Kiswahili tofauti kabisa na cha Kariakoo, bila kulalamika.

Sasa fedha. Njia ziko tatu na zote zina miiba. Ya kwanza ni chaneli kuagiza au kununua tamthilia. Chaneli itataka kuona muhtasari wa kurasa chache, maelezo ya wahusika, mwelekeo wa msimu mzima, skripti kamili za sehemu za mwanzo, kipande kilichopigwa picha, na bajeti inayoaminika. Lakini swali lake kubwa halimo kwenye makaratasi: je, mtu huyu ataweza kuleta sehemu mpya kila wiki bila kukatisha? Ndiyo maana miezi mitatu ya redio ina thamani; ni ushahidi.

Njia ya pili ni mashirika na wadhamini. Siri ya Mtungi, iliyoanza kuruka mwishoni mwa 2012, ilitengenezwa kwa fedha za misaada ya Marekani ili kuzungumzia afya, na bado watu waliifuata kwa sababu Cheche, mpiga picha mwenye tamaa na udhaifu, alikuwa mtu wa kweli. Kenya, Shamba Shape Up imeingia kwenye mashamba ya wakulima tangu 2012 na ikavuka mipaka kuja kwetu. Oxfam iliwapa wakulima wanawake jukwaa la televisheni kupitia Mama Shujaa wa Chakula. Mikoa inayolima kama yetu ina nafasi ya wazi hapo. Tahadhari ni kwamba mdhamini huja na ujumbe, na ujumbe hupenda kuwekwa mdomoni mwa mhusika. Kataa kwa adabu. Mwonyeshe kwa mfano kwamba tukio la bibi na uji mtupu linamfikia mama wa Kilolo kuliko nesi anayehutubia dakika mbili. Mdhamini makini ataelewa. Asiyeelewa atakulazimisha utengeneze tangazo refu lenye jina lako. Na fedha za misaada zina mwisho, wakati mwingine ghafla, kwa hiyo usijenge kampuni nzima juu ya mradi mmoja.

Ya tatu ni kurusha mwenyewe mtandaoni. Inafaa kama dirisha la duka, mahali pa kuonyesha kazi na kukusanya watazamaji wa kwanza. Kama chanzo cha kulipia waigizaji, mapato yake yanapanda na kushuka bila kukuuliza. Wengine watakutajia mikopo: ile asilimia 10 ya mapato ya halmashauri inayotengwa kwa vikundi vya wanawake, vijana na watu wenye ulemavu, au Mfuko wa Utamaduni na Sanaa. Ni fursa nzuri, ila kopa ukiwa na mkataba uliosainiwa mkononi. Kukopa ili ununue kamera mpya, kwa matumaini kwamba chaneli itakuja, kumewaacha vijana wengi na deni na kamera iliyopitwa na wakati. Mpaka siku ya mkataba, kazi yako ya ualimu, ya dukani au ya shambani isikuaibishe. Ukurasa mmoja kwa siku, siku tano kwa wiki, ni skripti ya sehemu nzima ndani ya wiki sita.

Mkataba ukija, usiusome peke yako na usiusaini siku hiyo hiyo. Historia yetu ina somo la wazi. Kikundi cha vichekesho kilichopendwa nchi nzima kupitia EATV kwa jina la Ze Comedy kilihamia TBC1 mwaka 2008. Jina likazua mgogoro, na wasanii wakaendelea kwa jina la Orijino Komedi. Walikuwa na bahati kwamba nyuso zao, akina Joti, Masanja na Mpoki, zilijulikana kuliko jina. Mtunzi hana uso kwenye skrini. Jina la tamthilia na wahusika wake ndiyo mali yake yote. Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya 1999 inamlinda mtunzi tangu kazi inapoandikwa, kwa maisha yake na miaka 50 baada ya kifo chake, bila kumlazimisha kusajili. Hata hivyo sajili kwenye ofisi ya hakimiliki, COSOTA, kwa sababu siku ya ugomvi utahitaji kuonyesha tarehe. Jina la tamthilia lipeleke kwa wakala wa usajili wa biashara, BRELA, kama alama ya biashara. Na kumbuka kwamba sheria hailindi wazo. Ukimsimulia mtu kwa mdomo mgahawani kisa cha tajiri wa mbao na mabinti zake watatu, huna cha kudai.

Ndani ya mkataba tafuta sentensi inayotaja haki. Ikisema haki zote, nchi zote, kwa muda wote, umeuza shamba na mazao. Omba leseni: chaneli irushe msimu huu kwa miaka kadhaa inayotajwa, na baada ya hapo haki zirudi kwako. Hutakubaliwa kila mara, hasa mara ya kwanza. Chaneli inayotoa fedha zote za utayarishaji ina hoja yake inapotaka umiliki. Hapo dai angalau vitu vitatu: jina lako liandikwe kama mtunzi kila sehemu inaporuka, upewe nafasi ya kwanza ya kuandika msimu unaofuata, na ulipwe ikiuzwa nje ya nchi. Mawakili wapo Mbeya na Iringa, na ada ya saa moja ya kusomewa mkataba ni ndogo kuliko utakachopoteza.

Wapo watakaoniambia kwamba bado mikutano yote iko Dar, na kwamba mtu asiyeonekana husahaulika. Nakubali nusu. Kuonekana kuna maana, na ndiyo sababu hupaswi kukosa tamasha la filamu la ZIFF, Zanzibar, ukipata nauli, wala shughuli za Bodi ya Filamu zinapofika mikoani, kama ilivyokuwa Mbeya ilipopokea tuzo za filamu mwaka 2021. Lakini watu wa chaneli hukutana na vijana wenye mawazo kila siku. Mwenye skripti za sehemu 13, dakika kumi zilizopigwa vizuri, bajeti ya kila sehemu na orodha ya mahali palipokwisha kupewa vibali, huyo hawamwoni mara nyingi. Akitoka Makambako au Tukuyu, na hadithi ambayo hawajawahi kuiona, watamkumbuka.

Kwa hiyo wiki hii chagua watu wanne: anayeigiza vizuri kwenye kwaya au shuleni, anayepiga video za harusi, anayejua kuhariri, na mmoja anayeweza kuhesabu fedha bila kuzigusa. Waandikie sehemu moja ya dakika kumi inayotokea mahali pamoja mnapoweza kufika kwa miguu. Kubalianeni kwa maandishi nani anamiliki nini na nani atalipwa nini kazi ikiuzwa, hata kama leo hakuna senti. Fedha ya kwanza itakapoingia, walipe wao kabla hujajilipa mwenyewe.